Majeruhi wa Vita: Kuchora, Kuchonga na Kufinyanga Kama Tiba

 

Mwezi huu napenda tuzungumze juu ya wagonjwa ambao tunaishi nao nyumbani, tunakula nao na kusali nao, lakini mara nyingi hatujui kuwa ni wagonjwa. Hao ni baba zetu, kaka zetu, na siku hizi pia dada zetu, waliokwenda vitani wakarudi na majeraha. Jeraha la mguu tunaliona na tunalifunga bendeji. Jeraha la moyoni hatulioni, nalo ndilo linalochelewa kupona.

Niliwahi kumwuguza mzee mmoja ambaye mguu wake wa kushoto ulikatwa chini ya goti mwaka 1979, baada ya kukanyaga bomu lililotegwa ardhini. Alilazwa kwetu kwa sababu ya kidonda kwenye kigutu, kilichochubuliwa na mguu wa bandia uliokwisha kuchakaa. Kidonda tulikisafisha kila siku, kikaanza kupona. Lakini usiku mzee alipiga kelele hata wagonjwa wenzake wakaomba ahamishwe. Mchana hakusema neno zaidi ya "marahaba" na "asante sista".

Siku moja nilikuwa nikimfunga plasta ngumu kijana aliyevunjika mkono. Kikabaki kipande kilicholowa. Mzee alinyoosha mkono akakiomba. Kabla hakijakauka alikwisha kutengeneza ng'ombe mdogo mweupe, kama wale ambao watoto wetu wachungaji huwafinyanga kwa udongo. Nilifurahi, na kesho yake nikamletea udongo wa mfinyanzi kutoka mtoni. Akafinyanga ng'ombe wengi, akawapanga juu ya kabati lake. Wote walikuwa wamelala chini, hata mmoja hakusimama.

Hapo nilifanya kosa. Wakati wa kugawa dawa nilimwuliza mbele ya watu: "Mzee, mbona ng'ombe wako wote wamelala? Wana ugonjwa gani?" Wodi nzima ikacheka. Mzee aliwatazama ng'ombe wake, akawakusanya mmoja mmoja, akawafinya wote wakawa bonge moja la udongo. Siku tatu hakugusa udongo tena, na usiku zile kelele zikazidi.

Nilijua kufunga kidonda, lakini sikujua kuwa ule udongo nao ulikuwa kidonda kinachosafishwa, na mimi nilikuwa nimekichokonoa kwa kidole kichafu. Tangu siku hiyo nimejifunza mengi juu ya jambo hili, nami nataka ninyi msirudie kosa langu.

VITA VILIVYOPITA MAJUMBANI MWETU

Mwezi Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin wa Uganda yalivamia nchi yetu upande wa Kagera. Jeshi la Wananchi, pamoja na maelfu ya wanamgambo kutoka vijijini, lilikwenda kuwaondoa. Kampala ilitekwa tarehe 11 Aprili 1979, na mapigano yakaisha mwezi Juni mwaka huo huo. Wengi waliokwenda walikuwa vijana wa miaka 18 au 20, waliotoka kuchunga ng'ombe au kulima mtama, wakasikia mizinga kwa mara ya kwanza. Wengine hawakurudi, na wamelala katika makaburi ya mashujaa kule Kaboya, mkoani Kagera. Waliorudi, leo wengi wao wamepita miaka 65.

Kabla yao walikuwapo babu zetu wa KEYA, waliopelekwa hadi Burma katika Vita Kuu ya Pili. Na msidhani kuwa habari hizi ni za wazee tu. Tarehe 7 Desemba 2017 kambi ya walinda amani wa Umoja wa Mataifa huko Semuliki, Kivu ya Kaskazini, nchini Kongo, ilishambuliwa. Wanajeshi wa Tanzania wasiopungua 14 waliuawa na makumi wengine walijeruhiwa. Hao walikuwa vijana wenye wake na watoto wadogo. Kwa hiyo majeruhi wa vita yumo katika kila kizazi.

JERAHA LISILOONEKANA

Mtu aliyeponea kifo anaweza kubaki na kiwewe kwa muda mrefu. Dalili zake ni hizi:

Kwanza, vita humrudia bila kuitwa. Huota ndoto mbaya, au mchana huona tena yaliyotokea kana kwamba yanatokea sasa hivi. Harufu ya nyama inayoungua au mlio wa tairi kupasuka huweza kumrudisha kule kule.

Pili, hukwepa kila kinachomkumbusha. Hataki kuzungumza habari hizo, haendi kwenye misiba, wala hakai penye watu wengi.

Tatu, mwili wake hukaa macho daima. Hushtuka upesi, hulala kidogo, hukasirika kwa jambo dogo, hupenda kukaa mahali anapouona mlango.

Nne, moyo wake hufa ganzi. Hafurahii watoto wake, anajilaumu kuwa yeye yu hai na wenzake wamekufa. Wengi hapo hukimbilia pombe.

Dalili hizo zikiendelea zaidi ya mwezi mmoja na kumharibia mtu maisha, huo ni ugonjwa. Katika Vita Kuu ya Kwanza waganga wa Ulaya waliuita mshtuko wa mabomu, na baadhi ya wakubwa wa jeshi walidhani ni woga tu. Ni mwaka 1980 ambapo chama cha madaktari wa akili wa Marekani kiliuingiza katika orodha yake ya magonjwa kwa sura tunayoijua leo. Basi mtu huyo hajalogwa, si mwoga, wala si mkorofi. Ni mgonjwa, naye anaweza kusaidiwa hata baada ya miaka mingi.

Kwa aliyekatwa kiungo kuna jambo jingine la kujua. Anaweza kusikia maumivu makali katika mguu au mkono ambao haupo. Usimcheke wala usimwambie anajidanganya. Mishipa ya fahamu na ubongo bado vinaukumbuka mguu ule. Maumivu hayo ni ya kweli na yana dawa, kwa hiyo apelekwe hospitali.

KWA NINI MKONO HUSAIDIA

Huenda mtu akauliza: "Kama anaumwa moyo, si azungumze tu na padre, au na mshauri?" Ndiyo, mazungumzo ni tiba kubwa. Lakini wengi hawawezi kuanzia hapo, na sababu ipo katika ubongo wenyewe.

Habari ya kawaida tunaiweka kichwani kama hadithi: ina mwanzo, kati na mwisho. Habari ya kutisha sana mara nyingi huingia vipande vipande, hapa picha, pale harufu, pengine sauti, na haina mpangilio. Katika miaka ya 1990 watafiti nchini Marekani walipiga picha za ubongo wa kundi dogo la watu wenye kiwewe huku wakikumbushwa mikasa yao. Waliona kuwa sehemu za hofu zilifanya kazi kwa nguvu, lakini sehemu moja inayohusika na kutamka maneno ilipungua kazi. Yaani mtu anapoikumbuka siku ile, ndipo maneno humpungukia. Tunamwambia "sema", naye hana cha kusemea.

Lakini mkono haungoji maneno. Kilichoingia kama picha kinaweza kutoka kama picha. Mtu akichora, akifinyanga au akichonga, yafuatayo hutokea:

Jambo lililokuwa ndani linakuwa nje, mezani, mbele ya macho yake. Anaweza kulitazama, kulifunika, kulirekebisha au kuliacha hadi kesho. Vitani hakuwa na uwezo wa kusimamisha kitu chochote. Hapa ndiye mwenye amri.

Mwendo wa mkono unaorudiarudia, kama kusuka, kupiga msasa au kukanda udongo, hutuliza pumzi na mapigo ya moyo. Mwaka 2016 watafiti wa chuo kikuu cha Drexel, Marekani, waliwapima watu wazima 39 kabla na baada ya kufanya sanaa kwa dakika 45. Karibu robo tatu yao walipungukiwa na kemikali ya mwili inayopanda wakati wa msongo, na hata ambao hawakuwa na ujuzi wowote wa sanaa walifaidika. Watu hao hawakuwa majeruhi wa vita, kwa hiyo tusiseme zaidi ya walichokiona. Hata hivyo inatuonyesha kuwa mwili husikia kazi ya mkono.

Tena, aliyepoteza kiungo huona kuwa bado anaweza kutengeneza kitu. Mtu aliyezoea kuletewa chakula na kufuliwa nguo, akishika kitu alichokiumba mwenyewe, anapata heshima yake tena.

TIBA HII IMETOKA WAPI

Jina la tiba kwa njia ya sanaa lilianza kutumika Uingereza mwaka 1942. Aliyelianzisha ni mchoraji Adrian Hill, ambaye naye alikuwa askari katika Vita Kuu ya Kwanza. Alipougua kifua kikuu alilazwa katika hospitali ya Midhurst, na kitandani akaanza kuchora vitu vilivyokuwa karibu yake. Aliona nafuu ya moyo, akaanza kuwafundisha wagonjwa wenzake, na baadaye askari waliojeruhiwa katika Vita Kuu ya Pili. Mwaka 1945 alitoa kitabu juu ya jambo hilo.

Huko Marekani, katika kituo cha jeshi kilichofunguliwa mwaka 2010 huko Bethesda kwa ajili ya askari walioumia ubongo na akili, majeruhi hutengeneza vinyago vya uso. Wengine wamechora uso uliogawanyika nusu mbili, wengine kinywa kilichoshonwa au kufungwa kwa kufuli. Mtu aliyeshindwa kumweleza mke wake hali yake humwonyesha kinyago, na mazungumzo huanzia hapo.

Lakini tusidhani kuwa ni mambo ya Wazungu tu. Jirani zetu Wakamba wa Kenya wanasifika duniani kwa vinyago vya miti. Inasimuliwa kuwa kazi hiyo ililetwa kwao na Mutisya Munge wa Wamunyu, ambaye katika Vita Kuu ya Kwanza alikuwa huku kwetu na akajifunza kuchonga kwa Wazaramo. Wengi walirudi kutoka vita ile na magonjwa na makovu. Yeye alirudi na ufundi, akawafundisha wengine.

Msumbiji, baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyoisha 1992, Baraza la Kikristo likiongozwa na Askofu wa Kianglikana Dinis Sengulane lilianzisha mwaka 1995 mpango wa kukusanya silaha na kuwapa waliozileta majembe, baiskeli na cherehani. Bunduki zile zilikatwakatwa, na wasanii wa Maputo wakazigeuza sanamu. Moja ni kiti kilichotengenezwa mwaka 2001 na Cristóvão Canhavato, kwa silaha tupu. Leo kiti hicho kimo katika jumba la makumbusho la British Museum, London.

Hapa Tanzania, Sista Jean Pruitt wa shirika la Maryknoll alianzisha Nyumba ya Sanaa, Dar es Salaam, mwaka 1972, na vijana wengi wasio na kazi walipata ufundi na riziki humo. Iringa nako, Waanglikana wa Dayosisi ya Ruaha walianzisha Neema Crafts mwaka 2003 kwa vijana viziwi watatu waliotengeneza karatasi, na baadaye watu wengi wenye ulemavu walipata kazi humo.

Hata hivyo, kazi ya riziki si sawa na kazi ya tiba, ijapokuwa zinaweza kufuatana. Katika kazi ya riziki tunauliza, "Kitu hiki ni kizuri? Kitauzwa?" Katika tiba hatuulizi hivyo. Ng'ombe aliyelala, mwenye masikio yasiyolingana, hana bei sokoni, lakini huenda amebeba mzigo wa miaka arobaini. Familia nyingi huharibu hapo: mzee akianza tu kuchonga, kijana wake anamletea habari za wateja. Mwacheni kwanza apone. Biashara itakuja yenyewe kama yeye anaitaka.

JINSI YA KUMSAIDIA NYUMBANI

Mtaalamu wa tiba hii ni adimu kwetu. Lakini familia, jumuiya ndogo ndogo au mhudumu wa afya wa kijiji anaweza kufanya mambo haya bila kumdhuru mgonjwa.

1. Chagua mahali na saa, usizibadilishe. Mara mbili kwa juma, saa moja tu, inatosha. Mgonjwa akae mahali penye ukuta nyuma yake na mlango mbele yake. Pawe mbali na mashine ya kusaga na kelele za ghafla.

2. Tumia vifaa vilivyopo. Makaa ya jikoni na ubao au karatasi za daftari lililokwisha. Udongo wa mfinyanzi. Udongo mwekundu na majivu vikichanganywa na maji ni rangi. Mti mwepesi wa kuchonga mwiko au kigoda. Ukindu au nyasi za kusukia. Vibuyu vya kuchora kwa ncha ya chuma kilichopata moto. Hakuna haja ya kununua kitu.

3. Usimlazimishe kuonyesha vita. Mwambie tu: "Tengeneza chochote ukipendacho." Akichonga mwiko miezi mitatu mfululizo, ni sawa. Mkono wake unajua wakati wake.

4. Keti naye, nawe fanya kazi. Suka mkeka wako au chambua mchele. Mtu akikaa bila kazi na kumtazama mgonjwa, huwa kama askari wa zamu. Wawili wanaofanya kazi pamoja ni ndugu.

5. Usiulize "hii ni nini?" wala usicheke. Hata sifa nyingi hazifai, maana atachonga ili kukufurahisha wewe. Sema: "Naona umetumia makaa mengi upande huu." Kisha nyamaza. Akitaka kusema atasema. Akisema, sikiliza mpaka mwisho, usimkatize kwa kumwambia kuwa yamekwisha pita.

6. Kazi ni mali yake. Usiiuze, usiionyeshe kwa wageni, usiitupe, wala usiichome bila ruhusa yake. Mpe sanduku au kikapu chenye kifuniko. Akitaka kuivunja mwenyewe, mwache, hiyo nayo ni haki yake.

7. Maliza kwa utaratibu. Mwisho wa saa, anawe mikono kwa maji ya baridi, mnywe chai au uji, mzungumze habari za mvua na mifugo. Asiachwe peke yake akiwa bado yuko katika picha zile.

Akianza kutetemeka, kutoka jasho au kupumua haraka, simamisha kazi. Mwite kwa jina. Mwambie akanyage ardhi kwa nguvu, ashike kikombe cha maji baridi, ataje vitu vitano anavyoviona hapo. Mwambie yuko wapi na leo ni siku gani. Pumzi itatulia.

KWA MWENYE ULEMAVU WA MWILI

Aliyebaki na mkono mmoja: ufunge mti kwenye jiliwa ya fundi, au weka kitambaa kilicholowa chini ya ubao ili usiteleze. Mfuko mdogo wa mchanga nao hushikilia karatasi.

Vidole vikiwa vimekakamaa: zungushia mpira wa ndani wa baiskeli kwenye mpini wa kisu au penseli mpaka uwe mnene wa kumtosha kushika.

Asiyeona: udongo na kusuka ni kazi zake. Vidole vyake vitaona.

Aliyekatwa mguu: akae kwenye kiti chenye mgegemeo, wala asiweke ubao juu ya kigutu. Kigutu kikaguliwe kila jioni, kioshwe kwa sabuni na kukaushwa vizuri. Aliyepooza miguu ajiinue kwa mikono kila baada ya dakika 15 hadi 30, la sivyo atapata vidonda vya kukalia bila kusikia.

Wote: mwenye kidonda kibichi mkononi asiguse udongo mpaka kipone. Aulize zahanati kama amekwisha chanjwa pepopunda. Anayepiga msasa afunge kitambaa puani na mdomoni.

TAHADHARI

Mpendwa msomaji, tusiifanye kazi hii kuwa muujiza. Utafiti juu ya tiba ya sanaa kwa majeruhi wa vita bado ni mdogo. Inafaa iende pamoja na ushauri wa mtu aliyefundishwa, na dawa pale daktari anapoona inafaa. Tiba ya sanaa haichukui nafasi yao.

Mpeleke mgonjwa hospitali bila kuchelewa ukiona mojawapo ya mambo haya: anasema hataki kuishi, au anagawa vitu vyake na kuaga watu, anasikia sauti ambazo wengine hawazisikii, anapiga watu nyumbani, anakunywa pombe tangu asubuhi, au anakataa kula. Mtu wa namna hiyo asipewe kisu, tezo wala patasi. Mpe makaa au udongo, na asiachwe peke yake mpaka afike kwa daktari. Anzia zahanati au kituo cha afya, upate barua ya kwenda hospitali ya wilaya au ya mkoa. Kwa magonjwa ya akili yanayohitaji utaalamu zaidi ipo Hospitali ya Mirembe, Dodoma. Kwa viungo vya bandia na tiba ya kazi za mikono, waulizeni wakubwa wa hospitali juu ya KCMC, Moshi. Na ikiwa mgonjwa ni mwanajeshi, hospitali za jeshi zipo kwa ajili yake.

Neno la mwisho la tahadhari ni juu ya uchawi. Katika vijiji vyetu mtu akikutwa na sanamu ya mtu ya udongo, watu husema anaroga. Nimesikia habari za kijana aliyetoka jeshini, akachonga watu wadogo wa mti na kuwaficha chini ya kitanda. Ndugu zake waliwakuta, wakawachoma uani usiku huo huo. Alikuwa amechonga wenzake wa kikosi waliokufa. Aliwazika mara ya pili, na safari hii kwa mikono ya ndugu zake. Ili jambo hili lisitokee, familia ielezwe mapema, na mwenyekiti wa kitongoji na viongozi wa jumuiya wajue kuwa hii ni tiba iliyoshauriwa na hospitali.

TURUDI KWA MZEE WETU

Baada ya siku zile tatu nilikwenda kwake peke yangu, wodi ikiwa imelala. Nikamwamkia, nikamwomba msamaha. Nikaweka udongo mpya juu ya kabati, nikaketi karibu na kuanza kukunja bendeji zangu. Hakunijibu, nami sikusema zaidi. Usiku uliofuata nilimkuta anakanda udongo.

Alifinyanga ng'ombe tena, na wote walikuwa wamelala. Mimi nilikunja bendeji. Siku ya tisa mke wake alikuja kumtazama, naye mzee akaanza kumwambia kwa sauti ndogo, kwa lugha ya nyumbani. Alisema walipokuwa wakienda mbele kule Kagera walipita penye zizi ambalo ng'ombe wote walikuwa wamepigwa risasi. Yeye, mtoto wa mfugaji, aliwalilia ng'ombe. Alipokaribia ndipo alipoona kuwa katikati yao kuna mchungaji, mtoto wa umri wa mdogo wake. Mkewe aliishi naye miaka zaidi ya thelathini bila kuyasikia maneno hayo. Alidhani mumewe anapiga kelele usiku kwa sababu ya mguu.

Siwezi kuwaambia kuwa mzee alipona kabisa. Ndoto hazikwisha. Lakini kelele zilipungua, na zilipomjia, mkewe alijua la kufanya: alimshika mkono, akamtajia jina lake na mahali alipo. Kidonda cha kigutu kilifunga, akapimwa mguu mpya. Siku ya kuruhusiwa alifunga ng'ombe wake katika kitambaa akaondoka nao. Mmoja aliuacha kabatini. Nilipoutazama vizuri, niliona kuwa miguu yake ya mbele imekunjuliwa, kama ng'ombe anayeanza kuinuka.

Sikumwuliza kwa nini.

Basi wapendwa, mwangalieni majeruhi aliye nyumbani mwenu. Mpeni udongo, makaa au kipande cha mti, kaeni karibu naye, na mvumilie kimya chake. Tukutane tena mwezi ujao, Mungu akipenda.